BARAZA YA JAMAA: Safari ya Milimani Wakati wa Theluji



Baada ya kumshukuru Mwenyezi Mungu na kumsalia Mtume wake Muhammad (s.a.w.), napenda mwezi huu kulijibu swali lililoletwa barazani kwetu na mzazi mmoja, mtu wa pwani hii hii, ambaye kwa kutafuta riziki amehamia na jamaa yake katika mji wa Denver, Marekani. Asema katika barua yake kwamba mwanawe wa miaka 17 amealikwa na vijana wenziwe wa msikitini kwenda kuitembelea hifadhi ya milimani mwezi wa Januari. Watapanda motokaa pamoja na kiongozi, kisha watatembea juu ya theluji kwa viatu vilivyofanywa kwa kazi hiyo. Baba amekataa, na ametoa sababu tatu. Kwanza, aona ni upuuzi mtu kutoa fedha zake ili akatazame baridi. Pili, aihofia roho ya mtoto. Tatu, aogopa kwamba sala zitapotea njiani. Mtoto naye amenuna, na yapata wiki tatu sasa salamu yake kwa babaye ni ya mdomo tu. Mama yu katikati, hajui amwunge mkono nani. Basi mzazi huyu auliza: je, nimemdhulumu mwanangu?

Jambo hili si la nyumba moja. Jamaa zetu wengi leo wanaishi katika nchi za baridi, na watoto wao wanakua wakiijua theluji kama wetu waijuavyo mvua ya masika. Kwa hiyo nitazichukua sababu za baba moja baada ya moja, kwani kila moja yastahili jibu lake.

JE, NI UPUUZI?

Kurani Tukufu, katika Sura ya Ankabut, yatuamrisha tutembee katika ardhi tuangalie jinsi Mwenyezi Mungu alivyoanzisha viumbe. Katika Sura ya Fatir imetajwa milima na mistari yake, myeupe na myekundu na myeusi, na papo hapo wametajwa wale wenye elimu ambao ndio wamchao Mungu. Na katika Sura ya Kureshi, ambayo kila mtoto wa chuoni anaijua kwa moyo, imetajwa safari ya wakati wa baridi pamoja na ile ya wakati wa joto, nazo zimehesabiwa kuwa ni neema. Basi kusafiri katika baridi si jambo geni kwetu, wala kutazama milima si mchezo kwa mwenye kutazama kwa moyo.

Hifadhi anayoitaja mzazi huyu yaitwa Rocky Mountain, nayo imo katika jimbo la Colorado. Watu wa kabila za Ute na Arapaho walikuwa wakipita na kuwinda humo tangu zamani. Kisha serikali ya Marekani ikaitenga kwa sheria tarehe 26 Januari 1915. Kilele chake kirefu, Longs Peak, kina futi 14,259. Sisi tulio na Kilimanjaro, chenye futi 19,341, twaweza kudhani kwamba hiyo ni milima midogo. Lakini Kilimanjaro theluji yake iko kileleni tu, na chini watu wanalima migomba. Kule mahali penyewe ni nyuzi 40 kaskazini ya Ikweta, na katika Januari jua hupita chini chini kwa upande wa kusini, likatoa nuru nyingi na joto kidogo. Kwa hiyo theluji hufunika vilele, misitu na mabonde, na maziwa huganda juu hata yakawa kama sakafu.

Barabara kuu ya hifadhi, iitwayo Trail Ridge Road, hupanda hata futi 12,183, ambako hakuna mti uwezao kuota. Hiyo hufungwa tangu karibu na Oktoba hata mwisho wa Mei, kwa sababu upepo huirundikia theluji isiyopitika. Katika miezi ya baridi motokaa huishia mahali paitwapo Many Parks Curve. Lakini iko barabara nyingine, iendayo Bear Lake, ambayo husafishwa kwa mitambo na kuachwa wazi mwaka mzima. Msafiri hutoka mji mdogo wa Estes Park, ulio futi 7,522 juu ya bahari, akapita uwanda wa Moraine Park, akalifikia ziwa la Sprague, na mwisho akasimama Bear Lake, futi 9,475. Ndiyo safari ambayo viongozi wenye kibali cha hifadhi huwachukua wageni.

Na kitu gani kinatazamwa? Kwanza ni wanyama. Yuko elki, mnyama wa jamii ya kulungu, ambaye dume lake lina pembe za matawi kama mti. Katika baridi hushuka mabondeni, akapiga theluji kwa kwato zake ili ayafikie majani yaliyolala chini. Yuko kondoo wa mwituni mwenye pembe zilizojikunja. Dubu haonekani, kwani amelala pangoni mwake kwa miezi, hali wala hanywi, akiishi kwa mafuta aliyojiwekea mwilini. Yuko ndege wa jamii ya kwale, ambaye wakati wa joto ana rangi ya mawe, na wakati wa baridi hugeuka mweupe pe, na miguu yake ikaota manyoya mpaka vidoleni. Na yuko sungura ambaye naye hugeuka mweupe, na nyayo zake za nyuma ni pana mno, hata hukimbia juu ya theluji ambayo mbwa mwenye kumfuata angezama. Nani aliyemshonea sungura huyu viatu kabla binadamu hajafikiri kushona vyake?

Pili ni maji. Mgongo wa milima hiyo ndio ugawao mito ya Marekani. Tone liangukalo upande wa magharibi huingia katika mto Colorado, ambao chimbuko lake limo humo hifadhini, likaelekea upande wa bahari ya Pasifiki. Tone liangukalo upande wa mashariki hushuka kwa mito mingine hata likafika Mississippi na Ghuba ya Mexico. Matone mawili yametoka katika wingu moja, yakaanguka hatua chache mbalimbali, na yakatengana kwa maelfu ya maili. Theluji hiyo ndiyo ghala ya maji ya nchi ile: hukaa juu miezi yote ya baridi, kisha huyeyuka polepole katika miezi ya joto wakati mashamba yana kiu. Watu walipoona upande wa mashariki una mashamba mengi na maji machache, walichimba njia chini ya milima hiyo yenye urefu wa maili 13, na maji yakapita kwa mara ya kwanza mwaka 1947. Asomaye katika Sura ya Muuminuna kwamba Mwenyezi Mungu huteremsha maji kwa kipimo na kuyatuliza katika ardhi, kisha akaiona ghala hiyo kwa macho yake, atakuwa amesoma mara mbili.

Kwa hiyo katika jambo hili la kwanza, ndugu yangu, sikubaliani nawe. Ni upuuzi iwapo atakwenda kama mzigo uliopakiwa garini. Akienda kwa nia ya kupumzisha nafsi na kuzingatia, ni safari ya halali.

JE, ROHO YA KIJANA I SALAMA?

Hapa baba ana haki, na kijana asiichukulie hofu yake kuwa ni ushamba. Mlima wa theluji huua. Nafsi ni amana tuliyopewa, na mwenye amana haruhusiwi kuichezea. Mtume (s.a.w.) alimfundisha bedui kwamba ngamia hufungwa kwanza, ndipo mtu amtegemee Mungu. Tutazame basi kamba za kumfungia ngamia huyu.

Kamba ya kwanza ni kiongozi ajuaye njia. Theluji ikifunika alama zote, mgeni hawezi kutambua njia na shimo, wala ziwa na uwanda. Barafu ya ziwa yaweza kuwa nene hapa na nyembamba hatua tatu mbele, mahali maji yaingiapo. Tena katika miteremko mikali theluji hukatika kwa pande kubwa, ikaporomoka na kufukia kila kilicho chini. Mahali penye hatari zaidi ni miteremko ya nyuzi 30 hata 45, na pengine uzito wa mtu mmoja watosha kuikata. Jimbo la Colorado lina ofisi maalumu itoayo habari za hatari hiyo kila siku katika majira ya baridi, na kiongozi mwema huzisoma kabla ya kuondoka. Kwa wanaoanza, njia ya kulizunguka ziwa la Sprague ni tambarare, nayo haifiki maili moja.

Kamba ya pili ni viatu vyenyewe. Hivi ni viatu vya kuvaliwa juu ya buti, vipana mfano wa ungo uliorefushwa. Watu wa asili wa Amerika ya Kaskazini walivitengeneza kwa fremu ya mti iliyosukwa kwa kamba za ngozi. Vya leo ni vya aluminiamu na plastiki, na chini vina meno ya kushika barafu. Kazi yake ni kuutandaza uzito wa mtu katika nafasi kubwa, hata asizame. Ndiyo hekima ya wayo wa ngamia juu ya mchanga. Anayevivaa hutanua miguu kidogo asijikanyage, hupiga hatua fupi, na hushika fimbo mbili za kujitegemezea. Asijaribu kurudi kinyumenyume, ataanguka. Ageuke kwa kuzunguka.

Kamba ya tatu ni nguo. Pamba, tuipendayo sisi watu wa joto, ni adui huko, kwa sababu hunywa jasho, ikalowa, na kuunyang'anya mwili joto lake. Nguo ya ndani iwe ya sufu au ya nyuzi zisizoshika maji, ya kati iwe nzito ya kuhifadhi joto, na ya nje iwe ya kuzuia upepo na unyevu. Mtu akianza kutoka jasho apunguze nguo moja kabla hajalowa. Avae glavu, soksi za sufu, kofia ya kufunika masikio, na miwani myeusi, kwani mng'ao wa jua juu ya theluji huchoma macho na ngozi. Na dada zetu wanaofikiri kwamba safari kama hii ni ya wanaume tu, nawaambia kwamba nguo za baridi hazipingani na stara. Msichana aweza kwenda na mahramu wake kama aendavyo kakaye.

Kamba ya nne ni kuzijua dalili. Huko juu hewa ni nyepesi, na mtu aweza kuumwa na kichwa na kichefuchefu. Anywe maji mengi, na ikizidi ashuke, kwani kushuka ndiko dawa. Kidole, pua au sikio likiwa jeupe na lisilo na hisi, nyama yake imeanza kuganda. Lisisuguliwe, wala lisipakwe theluji, wala lisikaribishwe motoni, kwa sababu halihisi na litaungua. Lipashwe katika maji ya uvuguvugu pale tu ambapo hakuna hofu ya kuganda tena, na mgonjwa apelekwe kwa daktari. Mtu akitetemeka sana, ulimi ukawa mzito na miguu ikajikwaa, baridi imeingia ndani ya mwili, naye asiachwe peke yake hata kidogo. Motokaa ikikwama thelujini, bomba la moshi lisafishwe kabla ya kuwasha injini, kwani moshi wake ukirudi ndani huua watu nao wamelala.

Na jambo moja tena kwa vijana. Mtasikia huko kwamba kilevi hupasha mwili joto. Ni uongo. Pombe hufungua mishipa ya damu iliyo karibu na ngozi. Mtu huona joto usoni, kumbe joto la ndani ndilo linalotoka, naye hupoa upesi kuliko asiyekunywa. Ilivyoharamishwa kwetu yatosha, na elimu ya waganga imekuja kushuhudia.

JE, SALA ZITAPOTEA?

Hazipotei kwa mwenye kuzitaka. Sheria yetu haikuteremshwa kwa watu wa joto peke yao.

Siku ichaguliwe vizuri. Isiwe Ijumaa, kwani katika madhehebu yetu ya Imamu Shafii, mwenye kuwajibikiwa na sala ya Ijumaa hana ruhusa ya kuondoka baada ya alfajiri ikiwa safari itamkosesha. Jumamosi itafaa. Na siku za baridi ni fupi: mwanzo wa Januari jua huchomoza huko baada ya saa moja na robo asubuhi na huchwa kabla ya saa kumi na moja jioni, na alasiri huingia kabla ya saa tisa. Asiyejua atajikuta Adhuhuri imempita naye akali akifunga viatu. Tena yu upande wa mashariki wa milima, na jua litafichwa na vilele mapema. Hiyo si Magharibi. Magharibi ni kuchwa kwa jua lenyewe, kwa hiyo afuate hesabu ya saa, na akiwa amefunga asifungue kwa kuona kivuli cha mlima.

Kutoka Denver mpaka huko ni maili 60 na zaidi, na hizo zapita marhala mbili. Basi akishatoka katika majengo ya mji wake, anayo ruhusa ya kupunguza sala za rakaa nne, na kukusanya Adhuhuri na Alasiri. Kibla huko ni upande wa kaskazini-mashariki.

Udhu atie nyumbani kamili kabla ya kuvaa buti. Buti za theluji, zikiwa tohara, zenye kuufunika mguu pamoja na fundo zake, zisizopenya maji, zina hukumu ya khuffu: udhu ukimtoka, atapangusa juu yake kwa mkono wenye maji badala ya kuosha miguu. Mkaazi ana mchana na usiku mmoja, na msafiri ana siku tatu na masiku yake. Achukue maji ya uvuguvugu katika chupa ya chai kwa uso na mikono. Theluji nayo ni maji tohara, na Mtume (s.a.w.) katika dua yake ya kufungulia sala aliomba aoshwe makosa kwa maji na theluji na mvua ya mawe. Lakini kujisugua kwa theluji kavu si kuosha. Lazima iyeyuke na itiririke juu ya kiungo. Kwa kupaka kichwa, yatosha.

Na mtu akifikwa na baridi ya kuogopwa, hana moto wala maji ya moto? Amr bin Al-As (r.a.), katika safari ya Dhatus-Salasil mwaka wa 8 wa Hijra, aliamka na janaba usiku wa baridi kali. Akaogopa kwamba akioga atakufa, akatayamamu, akawasalisha wenziwe. Habari ilipofika kwa Mtume (s.a.w.) alimwuliza, naye akajibu kwa kuikumbuka aya ikatazayo watu kujiua nafsi zao. Mtume akacheka, wala hakumlaumu. Tazameni upana wa dini hii. Ila katika madhehebu yetu tayamamu ni kwa udongo wenye vumbi, haifai kwa theluji. Na aliyetayamamu kwa ajili ya baridi, kauli yenye nguvu ni kwamba sala hiyo ataikidhi.

Wakati wa kusali, avivue vile viatu vipana, atandike turubai au msala mzito, na ahakikishe kwamba kipaji chake kimekaza chini, maana theluji laini hudidimia. Na kofia ya sufu aivute juu, kipaji kisifunikwe chote.

NENO LA MWISHO

Sasa narudi kwa aliyeuliza. Ndugu yangu, hukumdhulumu mwanao kwa kuogopa. Baba asiyeogopa si baba. Lakini kumkatalia bila ya kumwuliza anakwenda na nani, wapi, na kiongozi gani, huko ni kuufunga mlango ambao ataufungua mwenyewe karibuni, nawe hutakuwapo. Amebakisha mwaka mmoja awe mtu mzima kwa sheria ya nchi ile. Ni afadhali leo akuombe ruhusa kuliko kesho akuombe radhi.

Nawe kijana, ruhusa ya babako ni sharti ya safari hii. Usiende kwa siri, na usiichukue sala kama hoja ya kumshindia. Mwoneshe kwamba unazijua hukumu zake. Mnyamazie mzazi wako mlima, lakini usimnyamazie salamu.

Na shauri langu ni hili: baba na aende pamoja naye. Katika nchi ya ugenini mara nyingi mtoto ndiye ajuaye lugha na njia, na mzazi hubaki nyuma kama mgeni katika nyumba yake mwenyewe. Katika safari hii kila mmoja atakuwa na kitu cha kumpa mwenziwe. Mtoto atamfundisha babaye kufunga viatu vya theluji, na baba atamfundisha mwanawe kupangusa khuffu. Mama na mabinti nao wasiachwe. Njia ya ziwa la Sprague yawatosha wote. Wakiwaona elki wasiwakaribie chini ya futi 75, kama ilivyo amri ya hifadhi, wala wasiwape chakula, kwani riziki ya viumbe wale ina Mwenyewe.

Mwenyezi Mungu awahifadhi jamaa zetu walio mbali, awape watoto wao macho ya kuona na nyoyo za kuzingatia, na awakusanye na wazee wao katika mapenzi. Amin.

Mwezi ujao, inshallah, tutazungumza juu ya hukumu za saumu katika nchi ambazo mchana wake ni mrefu mno. Wenye maswali na wayalete mapema.

Wassalaamu alaykum.